Aliyeisogeza Saa ya Mwafaka

Mzee Mwishehe alikiri kabla hajaulizwa, na hilo ndilo lililomtia wasiwasi Sajini Revelian. Katika miaka yake yote ya uaskari kanzu alikuwa amewaona watu wakikana mambo waliyoyafanya mchana kweupe, mbele ya soko zima. Mtu wa kukiri upesi namna ile, tena tumbo tupu kwa saumu, hakuwahi kumwona.

"Mie ndiye niliyeigusa saa," alisema yule mzee. Alikuwa amekaa kwenye mkeka wa mahabusu ya Temeke, mgongo ukutani, miguu mirefu kainyosha mpaka katikati ya chumba. "Andika hivyo, mwanangu, ukapumzike."

Revelian hakuandika kitu. Alimwamkia kwanza, maana kule kwao Bukoba hata mwizi wa ng'ombe akiwa na mvi huamkiwa kabla ya kutiwa pingu. Mzee akaitikia marahaba kwa sauti ya chini. Kisha sajini akakaa chini sakafuni, mbele yake, kofia mapajani.

Kesi yenyewe ilikuwa ndogo ukiisimulia na kubwa ukiifikiria. Pale Mtoni, kando ya barabara ya Kilwa, ndani ya banda la mabati la Idara ya Mwafaka, ulikuwapo mlango wa kwendea dunia ya pili. Watu wa Mtoni walikwisha kuuzoea, wala hawakuwa na habari nao tena. Vijana wao waliingia asubuhi kwenda kuchimba sandarusi, utomvu wa miti ya kale uliogeuka jiwe ardhini, ambayo huku kwetu ilichimbwa ikaisha zamani, wakatoka jioni na vumbi la njano kwenye kope. Taabu ya dunia ile ni jua lake. Lina mbio. Likiachwa liende litakavyo, mtu ataingia kijana, na sisi huku hatujamaliza siku tatu yeye kashakuwa babu. Ndiyo maana ikabuniwa Saa ya Mwafaka: saa mbili za fundi mmoja, moja huku na moja huko, zinazosema neno moja. Maadamu zinakubaliana, dunia mbili huenda hatua moja na mlango hupitika. Zikihitilafiana hata kidogo, mlango hujifunga, na kila dunia hushika mwendo wake.

Juma lililopita, Ramadhani ikiwa katikati, saa ya huku ilihitilafiana na mwenzake. Wachimbaji walikuwa wameshatoka tangu alasiri kwa ajili ya mfungo. Aliyebaki ndani ni nyapara wao, Nassibu, ambaye kwa sheria ya kazi hutoka wa mwisho, saa ikigonga kumi na mbili. Siku hiyo iligonga, naye hakutoka.

Mafundi wa Kizungu walihangaika juma zima kuzipatanisha zile saa. Walipoufungua mlango, askari wakaingia, wakakuta hatua chache tu mbele yao kibanda kilichoanguka, gogo lililokaliwa mpaka likang'aa, na kaburi kuukuu limeelekezwa kibla. Wenyeji wa huko walieleza kwamba babu zao ndio waliomzika mzee yule. Alikaa juu ya gogo lile umri wake wote akiutazama mwamba ulipokuwa mlango. Kila jioni alisimama, akajipangusa vumbi, akaweka kofia sawa, akangoja kidogo, halafu akakaa tena.

Revelian alikuwa miongoni mwa walioyasikia maelezo hayo. Aliporudi huku alikwenda nyuma ya banda akajifanya anafunga kamba za viatu.

Sasa Idara ilitaka mtu. Mzungu mkuu wa kituo alikwisha kusema kwamba mlinzi wa saa ni Mwishehe, kwa hiyo uzembe ni wa Mwishehe, na kifungo chake kitakuwa cha kumaliza umri wake gerezani. Alichotaka kwa Revelian ni maelezo yaliyotiwa dole gumba, basi.

"Uliigusaje, mzee?" aliuliza Revelian.

"Kwa ufunguo. Niliutia, nikazungusha."

"Kwa nini?"

"Uzee tu. Macho yangu hayaoni vizuri."

Sajini akamwuliza nani mwingine alikuwapo kituoni wakati ule. Mzee akajibu hakuna, na alijibu kabla swali halijafika mwisho. Revelian akaliweka jibu hilo moyoni. Akabadili njia, akataka kujua Nassibu alikuwa nani kwake, jamaa au jirani tu.

Hapo mzee aliikunja miguu yake mirefu. Alisema si jamaa yake wa damu, ila yeye Mwishehe ndiye aliyekuwa mshenga wake. Posa ya Nassibu aliichukua yeye mwenyewe kwa miguu ileile, kutoka Mtoni mpaka kwao binti aitwaye Mwanakombo, akakaa barazani kwa wazee wa binti akawaambia kijana huyu mimi namdhamini. Akaendelea kusema kwamba yule binti siku hiyo alikuwa bado mtoto mtoto, anachungulia penye pazia. Akaivua kofia yake ya kitambaa akajifunika nayo uso. Revelian akasimama polepole, akatoka, akamwambia askari wa zamu asimsumbue.

Kutoka pale alipanda baiskeli mpaka kituoni Mtoni, kwa Projestus, fundi wa saa ya huku. Na niseme kweli, sajini alikuwa akiomba Mungu iwe ni Projestus. Mambo yangekuwa mepesi. Ufunguo wa saa aliuweka yeye peke yake, na mtaa mzima ulijua kwamba alikuwa na kinyongo na Nassibu, kwa sababu Nassibu alimshitaki kwa wakubwa kuwa anakuja kazini kalewa. Tangu hapo wakipishana njiani hawasalimiani.

Projestus alimpokea kwa ubaridi. Alikuwa na macho mekundu, lakini hakunuka pombe.

"Najua umekuja kunikamata," alisema. "Njoo uone kwanza, ndiyo unifunge."

Akamwongoza ndani. Saa ya Mwafaka ilikuwa juu ukutani, kubwa, uso mweupe, na chini yake tangazo la makatazo lililopigwa chapa kwa Kiingereza kitupu. Projestus akaonyesha tundu la ufunguo. Lilizibwa kwa lakiri nyekundu yenye muhuri wa Idara, wala haikuwa na ufa. Alieleza kwamba lakiri ile ilitiwa mbele ya Mzungu siku mwezi wa Ramadhani ulipoandama, na mafundi waliokuja kupatanisha walihangaikia hesabu ya saa ya huko imefika wapi, lakiri ya hii ya huku hawakuigusa. Revelian aliikuna kwa ukucha, akailinganisha na muhuri wa kwenye barua za Idara, akaridhika. Ufunguo haukuingia humo. Kwa hiyo fundi alikuwa safi, na mzee alikuwa amesema uongo wa kujifungia jela.

"Bila ufunguo mtu angeisogezaje?"

"Kwa kidole," alijibu Projestus. "Unafungua kioo cha mbele, hakina kufuli, unausukuma mshale. Ndivyo ilivyofanywa. Ilisukumwa mbele karibu robo saa, ikafika kumi na mbili kamili, ikagonga. Ikavunja mwafaka palepale."

Revelian akainua mkono wake. Kidole kilifika kwenye mshale bila taabu, na Mwishehe alikuwa mrefu kumshinda. Akauliza kama kuna kitu kilichoondolewa mle ndani tangu siku ile. Projestus akakumbuka stuli. Alipoitwa jioni ile aliikuta imesimama chini ya saa, naye akaisogeza kando ili apite. Stuli ile siku zote hukaa mlangoni, mzee huikalia akisubiri magharibi.

Basi aliyeigusa saa ni mtu mfupi. Sajini akaipandia stuli, akatazama ukingo wa kioo kwa karibu. Palikuwa na doa, alama ya vidole viwili, lenye utelezi uliokwisha kushika vumbi. Akalinusa. Lilikuwa limechacha, lakini pua haidanganyiki na tui la nazi, na ndani ya tui kulikuwa na iliki.

Alishuka akakaa juu ya ile stuli. Aliyefunga hashiki tui jioni ila anapika futari, na Mwishehe alikuwa mjane wa siku nyingi aliyekula chochote kilicholetwa.

"Nani alikuja hapa na mikono ya jikoni?" aliuliza, na moyoni alikuwa anaomba asijibiwe.

Projestus akatazama nje, uani. Alisema Ramadhani ile yote mkewe Nassibu alikuwa akileta futari kituoni, kwa kuwa mumewe hawahi kufika nyumbani. Hutandika mkeka pale uani, akapanga vyombo, akamngoja wafuturu pamoja. Mzee humpa maji ya kunawa. Siku ile vilevile alikuja.

Hapo Revelian aliiona habari yote, na laiti asingeiona. Alikuwa amepanga chumba Mwananyamala kwa bibi mmoja wa Kizaramo, na kila jioni alimshuhudia bibi yule akifanya jambo lilelile. Mwadhini akianza tu adhana ya magharibi, bibi hupanda kiti, hufungua kioo cha saa yake ya ukutani, na kuuweka mshale kwenye kumi na mbili. Mwanzoni sajini, mtu wa bara aliyezoea saa ya misheni, alicheka sana. Bibi akamweleza kwamba saa ni chuma tu, haina akili. Jua likizama ni kumi na mbili, na saa isiyosema hivyo inarekebishwa. Ndivyo alivyofundishwa na mama yake, na ndivyo nyumba zote za pwani zilivyofanya.

Lakini Saa ya Mwafaka haikufuata jua, la huku wala la huko. Ilishika njia yake katikati, na siku nyingine magharibi ilifika yenyewe ikiwa bado nyuma. Hilo Idara ililijua, na mafundi walilijua. Watu wa Mtoni, ambao waume zao na watoto wao walipita mlango ule kila siku, hakuna aliyewaeleza. Walibandikiwa karatasi ya Kiingereza, ikawa imetosha. Revelian alilitazama lile tangazo kwa hasira, akatamani kulibandua.

Akaondoka kwenda kwa Mwanakombo. Njiani aliikokota baiskeli badala ya kuipanda, akiyapima mambo mawili ambayo yote yalikuwa mabaya. Akinyamaza, mzee asiye na kosa atafia gerezani. Akisema, atamwambia mwanamke wa umri wa mdogo wake wa mwisho kwamba mkono uliomwua mumewe ni huo aliompikia. Kazi yake ilikuwa kuuliza swali moja tu: uliigusa ile saa? Alilirudia mdomoni mpaka likakosa ladha.

Nyumba ilikuwa ya makuti, imepigwa chokaa mbele, na harufu ya futari ilimpokea uani. Bi Mwajabu, shangazi yake Mwanakombo, alikuwa kakaa kizingitini akichambua mchele. Revelian alimwamkia, akajieleza, na bibi akamwonyesha mkeka wa barazani, huku yeye akibaki palepale mlangoni, kwa kuwa mwenye eda hakai na mwanamume peke yake. Mwanakombo alikuwa ndani ya ukumbi, kavaa nyeupe, kimo chake kifupi, uso umemvimba. Juu ya kichwa chake, ukutani, ilikuwapo saa.

Hakungoja maswali. Alitaka kujua mzee Mwishehe amefungwa au bado. Sajini akamjibu kuwa yumo mahabusu.

"Afie humohumo," alisema. Hakusema kwa kelele. "Mie nilikuwa namwita baba. Nilimwambia mara ngapi, baba, saa yako inachelewa, hebu itie ufunguo. Ananicheka."

Bi Mwajabu akamwambia apunguze maneno, ana saumu. Mwanakombo akamgeukia Revelian na jambo jingine, ambalo ilionekana amekaa nalo siku nzima.

"Kaka, wewe umesoma. Wamekuja kuniambia Nassibu kafa mzee. Mzee! Nassibu ndevu zenyewe hazijamjaa. Wanasema kafa zamani, hata waliomzika wamekufa. Sasa mie eda yangu naihesabu kwa jua la wapi? Kwa jua la huko imekwisha kabla sijaianza. Kwa la huku, juma lililopita nilikuwa namkunia nazi."

Revelian alijua sheria za serikali kwa namba zake, na hakuna hata moja iliyomfaa hapo. Alisema hajui.

"Alikuwa peke yake?" aliuliza Mwanakombo.

Hilo aliweza kulijibu. Alimweleza juu ya gogo, na juu ya mzee aliyesimama kila jioni akajipangusa vumbi na kuweka kofia sawa. Hakuacha kitu. Mwanakombo alisikiliza, mikono kaiweka mapajani, na Bi Mwajabu akaacha kuchambua mchele.

"Alikuwa anakuja kufuturu," alisema Mwanakombo.

Jua lilikuwa limeshuka nyuma ya minazi ya jirani. Msikiti wa ng'ambo ya barabara ukaanza adhana. Bi Mwajabu akasema bismillahi, akachukua tende, akampa na mgeni. Mwanakombo akala yake, akanywa maji funda moja. Kisha, kwa mazoea ya miguu yake, akavuta kiti, akapanda, akafungua kioo cha saa. Ilikuwa bado dakika chache ifike kumi na mbili. Alikuwa akisema huku kampa Revelian mgongo, sauti ya mtu anayefanya kazi ya nyumbani.

"Hii nayo inachelewa, lakini si kama ile ya kituoni. Ile siku ile adhana imeshaadhiniwa, mume wangu kafunga tangu alfajiri, anachimba juani, saa bado inasema mambo yake. Mzee kaenda kutawadha. Nikasema, hebu niiweke sawa atoke, uji unapoa. Nikapanda pale nika..."

Kidole chake kilikuwa kimeshaugusa mshale. Hakikwenda mbele wala hakikurudi.

Adhana iliendelea mpaka mwisho. Bi Mwajabu alikuwa amefumba macho akiomba dua. Revelian aliutazama mgongo ule mdogo juu ya kiti, akauona ukielewa. Hakuwa na la kufanya ila kusema uongo, na alisema uongo wa kwanza katika kazi yake.

"Dada, ile saa ilikuwa mbovu. Mafundi wamethibitisha. Mlango ungejifunga tu, hata saa asingeigusa mtu."

Mwanakombo akashuka. Alimtazama usoni kwa muda mrefu, na sajini akashindwa kuyahimili macho yake, akainamisha kichwa. Nadhani hapo ndipo Mwanakombo alipopata jibu lake.

"Mzee aliniona," alisema. "Aliporudi kutawadha nilikuwa narudi mkekani nikitabasamu. Akaniuliza, umefanya nini mwanangu? Nikamwambia, nimekusaidia kazi."

Hakulia. Akaenda jikoni, akarudi na bakuli la uji na sahani ya mihogo ya nazi iliyofunikwa kawa, futari ya watu wawili, kwa sababu tangu juma lile hakuwa ameweza kupika ya mtu mmoja. Akaviweka mbele ya Revelian.

"Mpelekee mzee Mwishehe, hajala kitu," alisema. "Mwambie saa yake ilikuwa haichelewi."

"Dada..."

"Halafu urudi uniandike mie. Nina eda, nitakwenda wapi?"

Bi Mwajabu alifumbua macho, akamtazama mmoja, akamtazama wa pili, akauliza kuna nini. Revelian akavifunga vyombo pamoja kwa kitambaa, akavishika kwa mikono miwili, na baiskeli akaiacha palepale ukutani, kwa kuwa futari ilikuwa bado ya moto na njia ya Temeke ina mashimo. Ukumbini kioo cha saa kilibaki wazi, na mshale ukaachwa uende wenyewe.